Kupika kwa chungu Nairobi: maharagwe ya Meksiko, tajini, mokeka na wali wenye ukoko

Si lazima uagize chungu kutoka Moroko ndipo upike tajini, nyama ya kupikwa polepole inayoitwa kwa jina la chungu chake. Chungu cha kawaida kilichofinyangwa Nyanza au Magharibi, chenye tumbo pana na mdomo unaopitisha mkono, kitakupikia tajini leo na maharagwe ya Meksiko kesho. Kinachobadilika ni viungo, kiasi cha maji na namna ya kupanga moto. Udongo wenyewe una masharti yaleyale kokote uendako: hautaki kushtuliwa, hautaki kuharakishwa, na hautaki sabuni.

Mwongozo huu nimeupanga kwa mtu wa Nairobi mwenye meko ya gesi au jiko la makaa. Mwenye oveni ana nafasi zaidi, ingawa si sharti awe nayo. Mwenye jiko la umeme la induksheni asijisumbue, kwa kuwa jiko hilo hupasha chuma tu, udongo haliuoni.

Kununua

Vyungu vinavyopangwa kando ya barabara zetu karibu na miche na mbolea ni vya maua. Vingine vimetobolewa chini, vingine ni saruji iliyopakwa rangi ya udongo, na vingine vimesiribwa rangi ya mafuta au vanishi. Hata ukipewa kwa bei ya kutupa, usipeleke jikoni.

Anza kuulizia Kawangware, Kibera au Gikomba, kwa akina mama wanaouza omena, samaki wakavu na mboga za kienyeji. Hata kama mwenyewe hauzi vyungu, kuna uwezekano anamjua anayeletewa kutoka nyumbani. Ukitaka umbo la Kihindi, lile la handi lenye shingo fupi na mdomo mpana, ulizia maduka ya Diamond Plaza kule Parklands. Kisha uliza wazi:

– Mama, hiki ni cha kupikia au cha maua?

– Cha kupikia, kastoma. Hata samaki unapika.

– Haya, naomba maji kidogo nikijaribu.

Muuzaji anayeijua bidhaa yake hatakasirika. Kabla ya maji, kishike kwa mkono mmoja kikining'inia na ukigonge kwa kifundo cha kidole. Kizima hutoa sauti inayolia. Chenye ufa hutoa sauti iliyokufa, hata kama ufa huuoni. Kielekeze juani na uchungulie ndani kutafuta matundu. Sasa tia maji hadi nusu, mkiendelea kuvutana kuhusu bei kwa dakika kumi hivi. Kikitoa jasho kwa nje, usitishike, udongo usiopakwa kitu ndivyo ulivyo. Kikidondosha, kirudishe.

Angalia kitako. Cha mviringo hustahimili moto kuliko kilicho bapa chenye kona kali, kwa sababu kwenye kona udongo hautanuki sawa na katikati, na hapo ndipo ufa huanzia. Ukiona chembe za mchanga au vigae vilivyosagwa ndani ya udongo, usidhani ni uchafu. Mfinyanzi alizichanganya makusudi ili chungu kivumilie kupashwa na kupoa.

Kuna jambo moja la hatari. Chungu kinachong'aa ndani kama kioo kimepakwa kitu, na ni lazima ujue ni kitu gani. Nchini Meksiko ufinyanzi wa jadi ulitumia kwa muda mrefu rangi ya kung'aa yenye madini ya risasi, na sumu yake imeathiri familia nyingi, watoto hasa. Nyanya, ndimu na siki huitoa risasi hiyo kwenye rangi na kuiingiza kwenye mchuzi. Kama muuzaji hawezi kukueleza kilichopakwa, chukua kisichopakwa chochote.

Kwa nyumba ya watu wanne, ukubwa wa lita tatu unatosha. Kama hakina kifuniko chake, tafuta mkungu au bakuli la udongo linaloziba mdomo. Sahani ya bati iliyofunikizwa pia inafanya kazi, ila mvuke mwingi utatoroka pembeni.

Kukikomaza kabla ya kukipikia

Chungu kipya kina vitundu vidogo mno visivyoonekana kwa macho. Vikiachwa wazi, mchuzi hupenya, chungu huvuja na baada ya wiki chache kinanuka. Dawa yake ni wanga. Mjapani akinunua donabe, chungu cha kwao, hupika kwanza uji wa mchele ndani yake, nao wanga huingia kwenye vitundu na kuvijaza. India wengi hutumia maji ya kuoshea mchele. Moroko hulowesha tajini usiku mzima kisha huipaka mafuta na kuipasha polepole. Mimi huchanganya njia hizi hivi:

1. Sugua chungu ndani na nje kwa brashi na maji matupu, hadi vumbi na majivu yaishe.

2. Kizamishe kizima, na kifuniko chake, kwenye beseni la maji usiku kucha. Dakika za mwanzo utasikia kikichirizika na kutoa mapovu madogo. Hiyo ni hewa inayotoka kwenye vitundu ikipisha maji.

3. Kikaushe kivulini siku nzima, kimeinamishwa. Julai, jua la Nairobi linapokuwa adimu, kiache siku mbili. Usiruke hatua hii. Kitako chenye unyevu kikiguswa na mwali, maji yaliyonaswa ndani hugeuka mvuke ghafla na kuupasua udongo.

4. Tia maji hadi robo tatu, ongeza ngumi mbili za unga wa mahindi, wimbi au mchele, koroga, kisha uweke kwenye moto mdogo kabisa. Uchemke kidogokidogo kwa saa moja. Zima, na usimwage. Uji upoe humohumo hadi uwe baridi kabisa, ndipo uumwage na kusuuza.

5. Kikikauka, kipake mafuta kidogo ndani na ukipashe kwa moto mdogo dakika ishirini. Kama unakusudia kukitumia kwa uji au maziwa, acha mafuta, maana yatachacha.

Kikiendelea kutoa jasho jingi, rudia uji. Ni kawaida.

Kwa wenye oveni kuna utaratibu mwingine unaokinzana na huu, na watu huuchanganya. Chungu cha Kijerumani kiitwacho Römertopf, kilichoingia sokoni mwaka 1967, huloweshwa kama dakika kumi kila kabla ya kupika na kuingizwa kikiwa kimelowa kwenye oveni iliyo baridi. Maji yaliyonyweka hutoka kama mvuke na kukiivisha chakula. Hilo linawezekana kwa sababu joto la oveni hupanda taratibu na kukizunguka chungu pande zote. Juu ya mwali wa gesi, chungu kilicholowa ni chungu kilichopasuka. Kwa hiyo: oveni, kiwe kimelowa na oveni iwe baridi, moto unaotoka chini, kitako kiwe kikavu.

Moto wa gesi na moto wa makaa

Gesi ya meko ina mwali mkali unaopiga sehemu moja. Weka kitu cha chuma katikati ya mwali na chungu. Yapo mabati ya kutandaza moto yanayouzwa kwa kazi hii, lakini tawa nzito ya chapati inatosha. Iweke juu ya meko, kisha chungu juu ya tawa. Chungu cha kitako cha mviringo kitayumba hapo, kwa hiyo kikalishe kwenye duara la waya nene au vipande vitatu vya kigae, mafiga madogo hivi. Anza na moto mdogo kwa dakika kumi, upandishe hadi wa wastani, na uishie hapo. Moto mkubwa sahau kwamba upo.

Makaa ni rafiki zaidi. Yale majiko yetu yenye udongo ndani, yanayotengenezwa na mafundi wa jua kali tangu miaka ya 1980, yalichukua wazo lake kutoka kwa jiko la ndoo la Thailand, na udongo ule wa ndani huyafanya makaa yatoe joto lililotulia. Subiri makaa yavae majivu meupe ndipo uweke chungu. Ukitaka kupunguza moto, funga kijidirisha cha chini na unyunyize majivu juu ya makaa. Na usilete jiko la makaa chumbani umefunga madirisha, hata kama chakula kinahitaji saa tano. Hewa ya sumu ya makaa haina harufu na haipigi hodi. Veranda ni mahali pake, kama mwenye nyumba hakukataza.

Kuna jambo la Nairobi ambalo vitabu vya mapishi havisemi. Jiji liko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na hapa maji huchemka kwenye nyuzi kama 94 badala ya 100. Kwa hiyo maharagwe yanayoiva kwa saa moja na nusu Mombasa yatakuweka hapa hadi saa mbili na zaidi, na nyama ngumu vilevile. Kuongeza moto hakusaidii, kwa kuwa maji yakishachemka hayapandi joto tena; utakachopata ni kukausha mchuzi na kuchosha chungu. Ongeza muda.

Halafu, udongo hushika joto. Ukikiepua chungu, mchuzi utaendelea kutokota dakika kadhaa kama vile hujazima kitu. Kwa maharagwe hiyo ni neema. Kwa samaki, usipozima mapema, utakula nyuzi.

Cha kuanzia: maharagwe ya chungu, mtindo wa Meksiko

Chakula cha kwanza kwenye chungu kipya kiwe maharagwe. Yana wanga, yanasamehe makosa, na yanakuzoesha moto. Meksiko huyapika kwenye chungu chenye tumbo, bila vikorombwezo vingi: maharagwe, maji, kitunguu, mafuta kidogo, chumvi.

Loweka nusu kilo ya rosekoko, nyayo au wairimu usiku kucha na umwage maji hayo. Asubuhi yachemshe kwanza kwenye sufuria, kwa mchemko wa nguvu, nusu saa nzima. Usiruke hapa pia: maharagwe, hasa mekundu, yana sumu inayovunjwa na mchemko mkali, na moto mdogo wa chungu peke yake hauivunji. Wakati huohuo pasha chungu taratibu kikiwa na vikombe viwili vya maji ya uvuguvugu. Yamwage maharagwe yenye moto ndani ya chungu chenye moto. Cha moto kwa cha moto, baridi kwa baridi. Ukishika hilo, chungu kitakaa nawe miaka.

Tia kitunguu kilichokatwa mara mbili, punje tatu za kitunguu saumu, mashina ya dhania na vijiko viwili vya mafuta. Maji yayafunike maharagwe kwa urefu wa vidole viwili.

Sasa mbinu ninayoipenda kuliko zote. Badala ya kifuniko, wapishi wengi wa jadi wa Meksiko hukalisha juu ya mdomo wa chungu bakuli dogo la udongo lenye maji. Bakuli linaziba mvuke, na maji yaliyomo yanapata moto polepole. Mchuzi ukipungua, unaongezea kutoka humo, kisha unajaza bakuli upya. Huna haja ya kuchemsha birika pembeni, wala hushawishiki kumimina maji ya bomba juu ya udongo wenye moto.

Acha yatokote saa mbili hadi tatu. Chumvi itie yakianza kulainika. Yakiiva, mchuzi utakuwa mzito wenyewe bila kupondwa. Yale yatakayobaki kesho ni matamu zaidi, ila usiyalaze chunguni. Yahamishie kwenye chombo kingine, yakipoa uyatie kwenye friji.

Tajini ya mbuzi

Kifuniko cha tajini kina umbo la pia kwa sababu: mvuke hupanda, hukutana na udongo wa juu ambao ni wa baridi, hugeuka matone na kurudi chini. Ndiyo maana tajini hupikwa kwa maji kidogo sana. Bakuli lile la maji la Meksiko, likikaa juu ya chungu chako, linafanya kazi inayokaribiana na hiyo. Badilisha maji yake yakipata moto sana.

Kata vitunguu vitatu duara nene na uvitandike chini. Vitunguu ndivyo godoro: nyama haigusi kitako, na maji yake ndiyo mchuzi wa kuanzia. Kilo moja ya mbuzi, vipande vya paja au muundi vyenye mfupa, ichanganye na tangawizi ya kusaga kijiko kimoja, manjano nusu kijiko, pilipili manga nusu kijiko, kijiti cha mdalasini, punje nne za kitunguu saumu, chumvi na mafuta vijiko vitatu. Zafarani kama unayo. Ipange juu ya vitunguu, mimina nusu kikombe cha maji ya uvuguvugu pembeni, funika.

Moto mdogo dakika kumi na tano, kisha wa chini-wastani kwa saa mbili na nusu. Usikoroge, tikisa chungu tu kila nusu saa. Dakika thelathini za mwisho tia ngumi ya zabibu kavu, au viazi na karoti zilizokatwa vinene kama huna uvumilivu wa utamu kwenye nyama. Mimi nachagua zabibu. Lozi zilizokaangwa hunyunyizwa mezani. Moroko huliwa kwa mkate, na chapati hapa hainyimi kitu.

Kuku hupikwa vivyo hivyo kwa saa moja hivi. Wa kienyeji muongezee saa nyingine.

Mokeka ya Espírito Santo

Mji wa Vitória, jimboni Espírito Santo nchini Brazili, una mtaa uitwao Goiabeiras ambako wanawake hufinyanga vyungu vyeusi kwa mkono, bila gurudumu, na kuvichoma peupe kwa kuni. Chungu kikiwa bado na moto mkali hupigwapigwa kwa fagio lililochovywa kwenye maji mekundu ya magome ya mkoko. Rangi hiyo ndiyo huvifanya vyeusi na kuziba vitundu. Mwaka 2002 kazi ya wanawake hawa ilikuwa ya kwanza kuandikishwa na serikali ya Brazili kama urithi wa taifa usioshikika. Msomaji wa Lamu au Kwale anayeuona mkoko akawaza boriti tu ana jambo la kufikiria hapo.

Chakula cha vyungu hivyo ni mokeka, samaki aliyepikwa na nyanya na vitunguu, na wenyeji wana ubishi nao mkubwa. Jirani zao wa Bahia huitia tui la nazi na mawese. Espírito Santo hawatii vyote viwili, na husema yao ndiyo mokeka, hizo nyingine ni mchuzi wa samaki. Mtu wa Pwani atakuwa upande wa Bahia bila kuulizwa. Lakini ijaribu ile kavu kwanza, kwa sababu inaonyesha chungu kinachoweza kufanya peke yake: haitiwi maji hata tone, na haikorogwi.

Chukua kilo moja ya samaki mwenye nyama inayoshikamana, kama nguru, changu au sangara, aliyekatwa vipande vinene. Soko la samaki la Gikomba lina sangara wa kutosha asubuhi mapema. Wa baharini wanapatikana City Market kwa bei ya juu zaidi. Mpake ndimu mbili, chumvi na kitunguu saumu, akae nusu saa.

Pasha chungu taratibu na mafuta vijiko vitatu. Rangi yao hutoka kwa mbegu nyekundu za biksa, zilezile zinazolimwa Kwale. Pasha kijiko kimoja cha mbegu hizo kwenye mafuta kwa moto mdogo hadi mafuta yawe mekundu, kisha uzitoe. Ukizikosa tia manjano, rangi itakuwa nyingine lakini hutafukuzwa mezani. Tandika nusu ya vitunguu viwili na nyanya tatu zilizokatwa duara, dhania nyingi, kisha samaki, kisha nusu iliyobaki. Funika.

Nyanya na samaki vitatoa maji vyenyewe. Kikianza kutokota, hesabu dakika kumi na tano hadi ishirini za moto wa chini. Kila mara kishike chungu kwa vitambaa pande mbili na ukitikise, mwiko usiingie. Samaki akigeuka mweupe hadi karibu na mfupa, zima na usifunue. Atamalizika kwa joto la udongo huku ukipakua wali. Peleka chungu chenyewe mezani, juu ya ubao au ngata. Si juu ya vigae wala terazo baridi.

Wali wenye ukoko, mtindo wa Guangdong

Hapa ndipo chungu kinaishinda sufuria waziwazi. Kusini mwa China, Guangdong na Hong Kong, wali hupikwa kwenye chungu kidogo kwa kila mlaji, kitoweo kikiiva juu yake, na sehemu inayogombewa ni ile ya chini. Wanakiita chakula hiki bao zai fan. Ukoko wa sufuria ya alumini mara nyingi huungua katikati na kubaki mbichi pembeni. Wa chungu hukaangika wote sawasawa, rangi ya asali, kwa kuwa udongo husambaza joto pole na kuta zake nazo zina moto.

Osha vikombe viwili vya pishori ya Mwea, loweka nusu saa, chuja. Kuku: mapaja mawili bila mfupa, kata vipande vyembamba visivyozidi unene wa nusu kidole, changanya na sosi ya soya vijiko viwili, tangawizi, sukari nusu kijiko, unga laini wa mahindi kijiko kimoja na mafuta kidogo. Soseji kavu za Kichina zinapatikana kwenye maduka ya Wachina Kilimani, lakini ni za nguruwe. Soseji ya ng'ombe iliyokatwa mshazari inafaa pia.

Paka chungu mafuta ndani, chini na pembeni hadi nusu. Tia mchele na vikombe viwili na nusu vya maji ya uvuguvugu. Moto mdogo dakika tano, kisha wa wastani. Sasa simama hapo. Maji yatachemka, yatashuka, na juu ya mchele yatatokea matundu madogo yanayopumua mvuke. Hapo ndipo pa kuweka kuku, ametandazwa asipandane. Ukichelewa mchele umekauka na kuku hatapata mvuke. Ukiwahi, sosi itazama na kuchafua ukoko. Funika, rudisha moto uwe mdogo, dakika kumi na mbili hadi kumi na tano. Ukiona mchele bado una kiini, nyunyiza maji ya moto vijiko vichache na uongeze muda.

Kuku akishaiva, mimina kijiko kimoja cha mafuta kuzunguka ukingo ili yateremke ukutani hadi chini. Inamisha chungu upande mmoja juu ya moto kwa dakika moja, kisha mwingine, hadi umekizungusha chote. Tegesha sikio: mwanzo ni sauti ya mvuke, fiii, kisha inageuka mlio mkavu wa kuchanikachanika. Huo mlio ndio ukoko unakauka. Harufu ya karanga zilizokaangwa ikikufikia, zima papo hapo. Harufu ya moshi maana yake umepitiliza.

Acha dakika kumi bila kufunua. Ukoko utajibandua wenyewe. Kisha nyunyiza sosi ya soya iliyopashwa na sukari kidogo na matone ya mafuta ya ufuta, tia majani ya kitunguu, koroga hadi chini. Hakikisha watoto hawako karibu unapopakua, la sivyo hutabakiwa na kitu.

Tangia, kwa mwenye siku nzima

Marrakech wana chungu kingine, kirefu chenye shingo, kiitwacho tangia. Nyama hutiwa humo na kitunguu saumu, jira, zafarani, samli iliyokomaa na limau lililolazwa kwenye chumvi. Mdomo hufunikwa kwa karatasi na kufungwa kwa kamba, kisha chungu hupelekwa kwenye tanuri la hamamu, bafu la umma, kinafukiwa majivuni, na mwenyewe anakwenda zake kazini. Ni chakula cha wanaume, wapishi wavivu kwa sifa yao wenyewe.

Jiko la kawaida la nyumbani halina majivu ya kutosha. Kama mnachoma nyama Jumapili na kuna shimo la makaa, fukia chungu kwenye majivu ya moto pembeni mwa makaa yanayokufa kwa saa tano au sita. La sivyo, oveni: kilo moja na nusu ya muundi wa ng'ombe, kichwa kizima cha kitunguu saumu, jira vijiko viwili, manjano, samli vijiko vitatu, achari ya ndimu moja iliyosuuzwa chumvi, nusu glasi ya maji. Ziba kwa karatasi ya kuokea na kamba ya katani, weka kwenye oveni baridi, washa nyuzi 150, uirudie baada ya saa nne. Nyama itatoka mfupani kwa kijiko.

Wale wa Avanos, Uturuki, wanaovunja chungu mezani ili wageni washangilie, waache wavunje. Wao wanaishi kando ya mto wa udongo mwekundu.

Kuosha na kutunza

Kipoe kwanza. Kisha maji ya uvuguvugu na brashi. Kilichoganda kiloweshe nusu saa, ukisugue kwa chumvi au majivu yaliyochekechwa. Sabuni huingia kwenye vitundu na itakurudia kwenye wali. Kikaushe kabisa kimeinamishwa, na ukihifadhi bila kukifunika, kipande cha gazeti ndani. Ukungu ukiota, msimu wa mvua hasa, kisugue kwa siki na maji, kianike juani, kisha kipashe kitupu ndani ya oveni kwa moto mdogo au kipike uji upya.

Ufa mwembamba kama unywele usiovuja hauui chungu. Uji mwingine wa mchele, mzito safari hii, utauziba. Ufa unaopitisha maji baada ya uji mara mbili hauzibiki, na gundi yoyote ya dukani haifai kukutana na chakula.

Udongo hukumbuka. Mokeka ya jana itasikika kwenye wali wa leo, na kuosha hakutaiondoa. Fedha ikiruhusu, nunua chungu cha pili na ukitenge kwa samaki peke yake. Kile cha kwanza kibaki cha nafaka, nyama na mboga za managu na saga zilizolazwa na maziwa.